Manowari Yenye Kiwanja Mgongoni

Neno la vita hupimwa kwa pumzi. Mtu anayekimbia anaweza kupiga kelele "Kifaru!" na mwenzake akajitupa mtaroni. Anaweza kusema bomu, mzinga, nyambizi, hata manowari, na ujumbe ukafika. Sasa mpe aseme "manowari ya kubebea ndege za kivita". Atapigwa akiwa bado kwenye kubebea.

Hilo ndilo jina tulilo nalo, au mojawapo. Redio na magazeti hulibadilisha kila habari inapotokea: leo meli ya kubeba ndege, kesho manowari ya kubebea ndege, keshokutwa meli ya kivita inayobeba ndege. Ni maelezo yaliyovaa kofia ya jina. Na chombo chenyewe si kigeni kiasi hicho katika bahari yetu.

Maneno yetu mazuri ya vita yalipatikana kwa njia rahisi: mtu aliona kitu, akakiita kwa kilichokuwa karibu. Mzinga ulikuwa wa nyuki kabla haujawa wa baruti, na huku Upare bado unatundikwa mtini bila kumtisha yeyote. Manowari tuliichukua kwa Waingereza, tukaisawazisha mdomoni mpaka ikasahau kwao. Nyambizi ina mbizi ndani yake, ile ya kupiga mbizi, na kwa familia nyingi za Afrika Mashariki ina msiba pia: tarehe 12 Februari 1944 nyambizi ya Kijapani I-27 iliizamisha meli Khedive Ismail karibu na Maldivi, ikitoka Mombasa kwenda Colombo, na karibu watu 1,300 walikufa, wengi wao askari wetu wa kikosi cha mizinga.

Kifaru kina mkasa wake hapa Same, kwa sababu Hifadhi ya Mkomazi ina faru wa kweli, wa pembe na kwato. Ngeli ndiyo hutuokoa. Vifaru wameonekana Mkomazi: chukua kamera. Vifaru vimeonekana Mkomazi: chukua watoto. Ndege nayo ni vivyo hivyo. Ukisema "ndege ametua", watu wa Kighare, huku Upare, watatazama mgomba. Ukisema "ndege imetua", watafikiria uwanja wa KIA. Herufi moja au mbili zinatenga unyoya na chuma, na hakuna mtoto anayehitaji kufundishwa hilo darasani.

Lakini tazama kinachotokea katika "meli ya kubeba ndege". Kitenzi-jina hakina upatanisho wa kuonyesha ndege ni wa namna gani. Huenda ni kasuku wanaopelekwa kuuzwa. Ndiyo maana waandishi huongeza "za kivita", na jina linazidi kurefuka kwa sababu lilijengwa vibaya tangu msingi.

Wajapani huiita kōkūbokan, na kwa kuwa nao wana pumzi kama sisi, huifupisha kuwa kūbo. Ndani yake mna anga na mna mama. Meli hiyo kwao ni mama wa vinavyoruka. Nao ndio waliotangulia kuikamilisha meli iliyokusudiwa kazi hiyo tangu mwanzo: Hōshō, iliyoingia kazini Desemba 1922. Waingereza walikuwa wameanza kuijenga Hermes mapema zaidi, lakini waliimaliza mwaka 1924. Kisha tarehe 9 Aprili 1942, mbali kidogo na pwani ya Ceylon, ndege zilizoruka kutoka meli za Kijapani za aina hiyohiyo ziliizamisha Hermes. Hōshō ilimaliza vita ikiwa inaelea.

Majina ya meli zenyewe yanastahili kusimama kidogo. Hōshō ni feniksi arukaye. Sōryū na Hiryū ni majoka, la pili likiwa joka lirukalo. Shōkaku na Zuikaku ni korongo, mmoja apaaye juu na mwingine wa heri. Katikati ya wanyama hao wa mbawa kuna Akagi, ambao ni mlima, na Kaga, ambalo lilikuwa jimbo. Sababu ni ya kiofisi. Akagi na Kaga zilianza kujengwa kama manowari za mizinga mikubwa, na kanuni ya Wajapani iliwapa aina hizo majina ya milima na majimbo. Mkataba wa Washington wa 1922 ulipopunguza manowari za mizinga, maungo yao yakageuzwa kuwa ya ndege, jina likabaki. Kwa hiyo jina la Kaga lilikuwa ushahidi wa kitu ambacho meli hiyo haikuruhusiwa kuwa. Nitalirudia jina hilo, maana Wajapani wenyewe wamelirudia.

Ndege zao nazo zilitajwa kwa hesabu. Jeshi la majini lilichukua tarakimu za mwisho za mwaka wa kalenda ya kifalme. Mwaka 1937 ulikuwa 2597 kwao, basi ndege iliyopokelewa mwaka huo ikawa Aina ya 97; mwaka 1940 ulikuwa 2600, basi ndege za mwaka huo zikawa Aina ya 0. Ndipo ilipotoka ile Zero iliyotisha Pasifiki nzima. Kwa Kiswahili ni Sifuri, na hapo hatukuhitaji kamati ya istilahi, kwa kuwa zero ya Wazungu na sifuri yetu zote ni watoto wa neno moja la Kiarabu.

Aprili ile ya 1942 ndiyo iliyoileta habari hii mlangoni kwetu. Meli tano chini ya Admerali Chūichi Nagumo, zilezile zilizokuwa Pearl Harbor isipokuwa Kaga, ziliingia Bahari ya Hindi, zikaipiga Colombo siku ya Pasaka, tarehe 5, na Trincomalee siku nne baadaye. Waingereza waliona Ceylon haifai tena kuwa ngome. Kundi lao la meli likahamishia makao yake Kilindini, penye kilindi hasa, yaani maji marefu yanayopokea vyombo vizito. Wasikilizaji wao wa siri wakapewa majengo ya shule ya Allidina Visram hapo Mombasa, wakawa wanafumbua mawasiliano ya Kijapani huku upepo wa bahari ukipiga madirisha ya madarasa. Illustrious na Formidable, meli za Kiingereza za aina ya Akagi, zilitia nanga bandarini humo. Mombasa ilikiona chombo hiki kwa macho.

Meli za Nagumo hazikufika pwani yetu. Kilichofika ni kitu kidogo zaidi, na ndicho kilichonifanya nianze kulitilia shaka neno kubeba.

Tarehe 19 Mei 1942 ndege ya Kijapani iliruka kuchunguza Zanzibar na Dar es Salaam. Ilikuwa ya watu wawili, yenye mabawa yasiyotimia mita 11 kutoka ncha hadi ncha na injini moja, na badala ya magurudumu ilikuwa na maboya mawili. Nayo ilikuwa Aina ya 0, sifuri ya mwaka uleule, ila hii ilikuwa ya upelelezi na mwendo wake haukufika kilomita 250 kwa saa. Washirika waliipa jina la Glen. Haikutoka kwenye meli yoyote yenye sitaha ndefu. Ilitoka kwenye nyambizi, I-30, iliyokuwa imekwishaipeleka juu ya Aden na Djibouti mwanzoni mwa mwezi huohuo.

Ndani ya I-30 ndege hiyo ilikuwa mzigo hasa. Mabawa yalitolewa, maboya yakatolewa, kiwiliwili kikasukumwa ndani ya pipa kubwa lisilopitisha maji mbele ya mnara. Nyambizi ilipoibuka, mabaharia walikivuta nje, wakakiunganisha kipande kwa kipande, wakakifyatua kwa manati. Ndiyo, manati: watoto wetu wanaitumia kwa ndege mwenye manyoya, jeshi linaitumia kwa ndege yenye injini, na ngeli inashughulika na mengine. Kazi ikiisha, ndege ilitua majini, winchi ikainyanyua, ikafunguliwa tena, ikarudishwa pipani. Hapo hakuna neno bora kuliko kubeba. I-30 ilikuwa nyambizi ya kubebea ndege, na ukisema hivyo umesema kweli tupu.

Akagi haikuwa hivyo. Mchukuzi anayebeba mkungu wa ndizi kutoka Kighare hadi gulioni hategemei ndizi zishuke njiani, zikafanye shughuli zao, kisha zirudi kichwani. Meli ya shehena yenye ndege ndani ya makasha nayo inabeba ndege. Kinachoitenga Akagi na meli ya shehena ni kwamba ndege huondoka juu yake na, jambo gumu zaidi, hurudi. Rubani alipaswa kukishusha chombo chake juu ya sitaha inayopanda na kushuka kwa mawimbi, akanasa ndoano kwenye waya kabla sitaha haijamwishia. Neno rubani lenyewe ni la baharini. Kabla ya ndege lilikuwa la mtu anayeongoza jahazi kupita miambani. Juu ya Akagi lilikuwa limerudi kwao.

Ukitaka kujua kiini cha chombo, angalia kinachopotea kinapoharibika. Tarehe 4 Juni 1942, huko Midway, Akagi, Kaga na Sōryū zilipigwa asubuhi ndani ya dakika chache, na Hiryū ikapigwa alasiri. Zile ndege za Hiryū zilizokuwa bado angani zilikuwa nzima. Zilikuwa na marubani wazoefu. Zikaishia majini, kwa sababu hapakuwa na pa kutua.

Jina zuri nililisikia kwenye banda la video, si kwenye mkutano wa wataalamu. Ilikuwa filamu ya vita vya Pasifiki, na yule mtafsiri anayepaza sauti juu ya waigizaji, ambaye hana sekunde za kupoteza, alipoiona ile meli akasema: "Oneni, hiyo ina kiwanja mgongoni!" Hakurudia maelezo. Kuanzia hapo ikawa "ile ya kiwanja", na banda zima likajua ipi inazama.

Nimeyapima majina mengine. Meli-mama lingefuata Wajapani, na ni tamu, lakini wavuvi wa bahari kuu na maharamia wa Somalia wameshalichukua. Kirushandege limejengwa sawasawa na kipazasauti, ila linasahau kurudi, na kurudi ndiyo kazi. Manowari ya ndege ni fupi, lakini haisemi chochote. Manowari-kiwanja inasema. Hata ki- yake ya udogo inafaa: njia ya kurukia ya KIA ina zaidi ya kilomita tatu na nusu, wakati Akagi nzima ilikuwa mita 260. Watasema kiwanja ni cha kujengea nyumba. Ni kweli, na pia ni cha mpira, na Mamlaka ya Viwanja vya Ndege haijawahi kuchanganyikiwa kwa sababu hiyo.

Jina hili lina faida nyingine: haliombi ruhusa ya serikali yoyote. Baada ya vita Wajapani waliandika katika katiba yao ya 1947, ibara ya 9, kwamba wanaikana vita, na kwa miaka mingi neno kūbo likawa halitamkiki kwa chombo chao wenyewe. Mwaka 2015 walipokea Izumo, na mwaka 2017 dada yake, Kaga. Kila moja ina urefu wa mita 248 na sitaha bapa kutoka mwanzo hadi mwisho. Rasmi huitwa goeikan, meli ya kulinda, ya kusindikiza. Desemba 2018 serikali iliamua zifanyiwe marekebisho ili zipokee ndege za F-35B. Oktoba 2021 ndege hizo za Marekani zikatua juu ya Izumo, na mwaka 2024 juu ya Kaga, ambayo pua yake ilikuwa imepanuliwa na kuwa ya mraba. Jina rasmi halikusogea. Kaga ya kwanza ilibeba jina la manowari ya mizinga ikiwa ya ndege. Ya pili ni ya ndege, na imepewa cheo cha msindikizaji.

Mwandishi wa Kiswahili akikutana na habari hiyo ana mambo mawili ya kweli ya kuandika, na yote yanaenea katika mstari mmoja: Kaga, manowari-kiwanja ambayo Japani huiita meli ya kusindikiza.