Wanawake na siasa ukanda wa dhahabu: Fahamu milango mitatu ya uongozi

Kuanzia Bulyanhulu, Halmashauri ya Msalala mkoani Shinyanga, hadi Geita, wanawake viongozi si wachache tena. Ila hawaingii wote kwa mlango mmoja, na mlango ndio unaoamua nani anaweza kuwatoa.

1. Kuteuliwa

Wakuu wa mikoa huteuliwa na Rais. Shinyanga imeongozwa na Zainab Telack, Sophia Mjema, Christina Mndeme na Anna Macha. Geita imewahi kuwa na Rosemary Senyamule. Aliyemteua anaweza kumhamisha au kumwondoa wakati wowote.

2. Viti maalum

Katiba inataka wabunge wanawake wa viti maalum wasipungue asilimia 30 ya wabunge wengine. Kwenye halmashauri, madiwani wa viti maalum ni theluthi moja. Majina yanatoka kwenye orodha ya chama, hivyo mwananchi hampigii kura mhusika moja kwa moja. Tena, Waziri Mkuu lazima awe mbunge wa jimbo. Wa viti maalum hawezi kupewa nafasi hiyo.

3. Kugombea

Huu ndio mlango mgumu, lakini umeshafunguliwa. Mei 2009, Geita ikiwa bado sehemu ya Mkoa wa Mwanza, Lolesia Bukwimba wa CCM alishinda uchaguzi mdogo wa Busanda. Alilishikilia jimbo hilo hadi 2020.

Inakuhusu nini?

Penye mgodi, kikao cha madiwani kina pesa ya kupangia. Halmashauri inakusanya ushuru wa huduma unaotokana na mapato ya kampuni. Na tangu sheria ya madini ilipobadilishwa 2017, mpango wa mgodi wa kuhudumia jamii lazima ukubaliwe na halmashauri. Kisima kichimbwe wapi, wodi ya wazazi ijengwe lini: mambo hayo yanapita humo. Anayebeba ndoo kila asubuhi anajua kisima kinatakiwa wapi, ila lazima awemo kikaoni.

Pa kuanzia

Ngazi ya chini ni kijiji. Katika uchaguzi wa serikali za mitaa, kama ule wa Novemba 27, 2024, wajumbe wa halmashauri ya kijiji huchaguliwa kwa makundi mawili: la wanawake na mchanganyiko. Wengi hudhani mama anaruhusiwa kundi la kwanza tu. Si kweli. Anaweza kugombea kundi mchanganyiko, na hata uenyekiti wa kitongoji au kijiji.