Mwendo wa Mdundo na Mwendo wa Neno: Habari za Sisso wa Mburahati na Watengenezaji wa Singeli

Katika mwaka wa 1958 Wasifu wa Siti binti Saad, alioutunga Shaaban Robert, ulichapishwa kuwa nyongeza ya jarida la Kamati ya Kiswahili ya Afrika ya Mashariki. Yafaa jambo hilo likumbukwe kila mtaalamu wa lugha anapoulizwa kama nyimbo za mitaani zastahili kurasa za wasomi. Siti alizaliwa Fumba, Unguja, katika nyumba ya watu wasio na mali wala jina. Katika mwaka wa 1928 alivuka bahari mpaka Bombay, sauti yake ikatiwa katika sahani za santuri, na sahani hizo zikarudi mwambao zikasikilizwa na watu wa kila daraja. Alifariki mwaka wa 1950. Miaka minane baadaye maisha yake yalikuwa yamekwisha kuwa kitabu, na kitabu hicho kiliandikwa kwa Kiswahili na mtu aliyeyafahamu maneno aliyoyaimba.

Habari zinazoelezwa hapa zafanana na hizo katika mambo mengi, ila katika jambo moja kubwa. Katika mwaka wa 2017 sauti za vijana wa Mburahati, Dar es Salaam, zilivuka mpaka na kutolewa Kampala katika mkusanyo ulioitwa Sounds of Sisso. Kutoka hapo zilifika Ulaya na kupigwa katika kumbi za miji mikubwa. Lakini sifa walizozipata huko zilikuwa karibu zote sifa za mdundo. Neno, ambalo kwa watu wa Mburahati ndilo nusu ya kazi, halikufika.

Ili kufahamu kazi ya vijana hao ni lazima kwanza kuutazama mji uliowalea. Dar es Salaam iliasisiwa na Seyyid Majid katika miaka ya 1860. Sensa ya mwaka 1967 ilihesabu watu kiasi cha 273,000. Ile ya mwaka 2022 ilihesabu watu zaidi ya 5,300,000 katika mkoa mzima. Wengi wa watu hao hawakukaa katika majumba ya katikati ya mji. Walijenga kandokando: Manzese, Tandale, Mburahati na Kigogo kwa upande wa Kinondoni, Keko, Tandika na Mbagala kwa upande wa Temeke. Manzese na Mburahati zilihesabiwa katika Wilaya ya Kinondoni mpaka ilipoundwa Wilaya ya Ubungo katika miaka ya 2010. Katika mitaa hiyo mgeni kutoka bara alimkuta mwenyeji Mzaramo na ngoma zake, na mdundiko haukukoma kwa sababu nyumba zimesongamana. Harusi, unyago na tohara ziliendelea kuwa shughuli za mtaa mzima, na shughuli haiwi shughuli bila ngoma.

Katika ngoma hizo ndimo ulimotoka mchiriku. Wapigaji wake walichukua kinanda kidogo cha umeme, cha namna ya Casio, wakakiunganisha na vipaza sauti vya honi, wakaongeza ngoma na kigoda cha mti kinachopigwa kwa vijiti. Sauti iliyotoka ilikuwa kali na yenye mikwaruzo, na mwendo wake ulikuwa wa haraka kuliko wa bendi za dansi. Kundi la Jagwa Music, lililoanza katika miaka ya 1990, ndilo lililojulikana zaidi nje ya nchi, hasa baada ya santuri yake Bongo Hotheads kutolewa Ubelgiji mwaka 2012. Nyumbani, hata hivyo, mchiriku ulihesabiwa kuwa muziki wa wahuni, na redio haikuupenda.

Wakati huo huo mkondo mwingine ulikuwa unaanza. Katika mwaka wa 1991 Saleh Jabir aliigeuza rap ya Kimarekani ikawa ya Kiswahili, na jambo lililodhaniwa kuwa la mzaha likageuka kuwa mlango. Kundi la Kwanza Unit lilifuata mwaka 1993. Sheria ya utangazaji ya mwaka huo iliruhusu vituo vya watu binafsi, na Radio One ikaanza kusikika mwaka 1994. Kufika mwanzo wa miaka ya 2000 Temeke ilikuwa imekwisha kumtoa Juma Nature, ambaye aliwafanya vijana wa nchi nzima waige matamshi ya mitaa yake. Muziki huo uliitwa bongo fleva. Ukapata studio nzuri, ukapata televisheni, na kadiri ulivyopata fedha ndivyo ulivyosafishwa. Mchiriku ulibaki nje ya mlango na honi zake.

Singeli ni mtoto wa mikondo hiyo miwili. Kutoka mchiriku ilichukua kinanda, kasi na desturi ya kuitumikia shughuli ya mtaa. Kutoka rap ilichukua mtu mmoja mwenye kipaza sauti anayechana maneno bila kupumzika. Mahali ilipokulia ni katika vigodoro, yaani ngoma za usiku zinazochezwa uwanjani au njiani hata kukicha. Msaga Sumu alikuwa miongoni mwa waliotangulia kuipa jina. Sholo Mwamba na Man Fongo waliifikisha kwa watu wasiokanyaga vigodoro. Na redio ya EFM iliyafungulia milango ya hewani mambo yaliyokuwa yakipita kwa mkono tu, kutoka simu hata simu na kutoka kadi hata kadi.

Waimbaji hao hujulikana kwa sura. Mtengenezaji wa mdundo aghalabu hajulikani, na hapo ndipo habari za Sisso zinapokuwa na maana. Sisso ni mtengenezaji wa Mburahati aliyeanzisha studio yake mwenyewe, pasipo kampuni nyuma yake, akawakusanya humo waimbaji na watengenezaji wengine wa mtaani. Vyombo vya kazi yenyewe havikuwa vya thamani kubwa: kompyuta moja, programu ya kutungia muziki, na programu ya mapigo ambayo kwa kawaida hutumiwa na wapiga santuri wa dansi. Fundi hukata kipande kifupi, pengine cha taarabu, pengine cha kinanda, hukizungusha kijirudie, kisha hukikimbiza mpaka mapigo yafikie 200, na wakati mwingine 300, kwa dakika moja. Sauti ya mwanamke aliyeimba taratibu hugeuka kuwa kama ya ndege. Juu yake huwekwa ngoma, na juu ya ngoma husimama mchanaji.

Asiyeijua kazi hiyo hudhani kuwa ni fujo. Lakini kipande kifupi kinachorudiwa mara nyingi humlazimisha fundi abadili jambo dogo kila mara, ama sivyo wachezaji watachoka. Na wachezaji wa kigodoro hawana adabu ya kumvumilia mpigaji anayechosha. Kwa hiyo majaribio ambayo watu wa Ulaya waliyaona kuwa ya kisanii yalikuwa, kwa asili yake, majibu kwa wateja wa usiku. Ugeni wa sauti ulizaliwa na haja ya kazi. Baada ya mkusanyo wa 2017, kampuni ya santuri ya Nyege Nyege Tapes ya Kampala ilitoa Poaa ya Bamba Pana na Tatizo Pesa ya Jay Mitta mwaka 2018, Mateso ya Sisso mwenyewe mwaka 2019, na Singeli Ya Maajabu ya Sisso na mwenzake Maiko mwaka 2024. Msomaji wa Kiswahili akiyatazama majina hayo huona jambo ambalo msikilizaji wa Berlin hawezi kuliona: katika miaka miwili tu fedha ikatajwa kuwa tatizo, na mateso yakafuata.

Sasa itazamwe hali ya neno. Mdundo wa mapigo 240 kwa dakika ni mapigo manne kwa kila sekunde. Mchanaji akiweka silabi mbili katika kila pigo, hutamka silabi nane kwa sekunde. Mshororo wa shairi la kawaida una mizani 16. Kwa mwendo huo ungekwisha kwa sekunde mbili, na ubeti wa mishororo minne ungekwisha kwa sekunde nane. Kiswahili chaweza kuustahimili mwendo huo kwa sababu silabi zake nyingi huishia kwa irabu, wala hazirundiki konsonanti nyingi mwishoni mwa neno. Mkazo nao, kwa kuwa hukaa katika silabi ya pili kutoka mwisho, humpa mchanaji mahali maalum pa kugongesha neno juu ya pigo. Lugha yenyewe, kwa hiyo, ni kama chombo kimojawapo katika studio ya Mburahati.

Kasi hiyo vilevile huchagua maumbo ya maneno. Mfano ulio wazi umo katika jina la wimbo wa Man Fongo uliovuma katikati ya miaka ya 2010, Hainaga Ushemeji. Mwalimu wa sarufi hukataa neno hainaga, kwa kuwa kiambishi -ga si cha Kiswahili sanifu. Ni kweli, kimeingia kutoka katika lugha za bara, mathalan Kisukuma na Kinyamwezi, ambamo umbo la -ag- huonyesha jambo la kawaida au la kurudiwa. Lakini yafaa kuuliza kwa nini kiambishi hicho kimeota mizizi Dar es Salaam. Kiswahili sanifu huonyesha mazoea kwa hu-, kama katika hula na husema. Hu- hiyo haina ukanusho wake yenyewe. Asemaye hana budi aseme hali, ambalo laweza kuwa la sasa hivi, au azunguke kwa kusema huwa hali. Watu wa mitaani wamelijaza pengo hilo kwa silabi moja. Mchanaji anayehesabu silabi nane kwa sekunde hawezi kuzunguka, naye akalichukua umbo lililokuwa tayari vinywani mwa wasikilizaji wake. Wimbo haukuliumba umbo hilo. Ulilitoa uani ukalifikisha redioni.

Wako wanaosema kwamba maneno ya singeli ni machafu na kwamba vigodoro huharibu vijana. Baadhi ya nyimbo hizo hakika hazisomeki mbele ya wazee. Lakini lawama hiyo si ngeni katika mji huu. Ngoma ya beni, na mashindano yake ya Marini na Arinoti, ililaumiwa katika zama za ukoloni kuwa ni upuzi na fujo. Na Terence Ranger, aliyefundisha historia katika chuo kikuu cha Dar es Salaam, alionyesha katika kitabu chake cha 1975 kwamba ndani ya upuzi huo ilikuwamo historia ya namna watu walivyojipanga, walivyoshindana na walivyosaidiana mjini. Lau waliokuwa wakiishi wakati wa beni wangaliandika maneno yake yote, kazi ya Ranger ingalikuwa nyepesi na elimu ingalikuwa nyingi zaidi.

Hatari ya singeli si kupotea kwa mdundo. Mdundo umehifadhiwa Kampala na Ulaya, nao umeleta wafuasi: DJ Travella, kijana wa kizazi kilichofuata, alitoa Mr Mixondo mwaka 2022, kazi ambayo ndani yake mchanaji karibu hayupo. Santuri za namna hiyo ni kazi halali na nzuri. Ila zikiwa ndizo pekee zitakazobaki, atakayekuja baada ya miaka 50 atadhani kwamba vijana wa Mburahati walikuwa mafundi wa kelele za ajabu, wala hatajua kwamba usiku ule mtu alisimama akiwataja majirani kwa majina, akimsuta mwenye deni, akimpa pole mfiwa na kumtania shemeji. Maneno hayo hutungwa papo hapo, na yakikwisha kusemwa hubaki katika kadi ya simu itakayoharibika.

Santuri za Siti zilivuka bahari zikarudi, na zilipowasili walikuwako waliofahamu kila neno, na mmoja wao akashika kalamu. Santuri za Sisso nazo zimevuka. Wanaoyafahamu maneno yake wako Mburahati, Tandale na Tandika, nao bado ni vijana. Kazi ya kuwasikiliza, kuyaandika maneno yao kama yalivyo, pamoja na -ga yao na matusi yao, na kuwauliza maana yake, haihitaji safari ya Bombay. Kutoka chuoni mpaka Mburahati ni mwendo wa daladala.