Deep Roy

Deep Roy (jina la kuzaliwa Mohinder Purba; alizaliwa Nairobi, 1 Desemba 1957) ni mwigizaji wa filamu na televisheni aliyeanza kazi Uingereza na kuendelea nayo Marekani. Kimo chake ni sentimita 132. Jina lake limejengwa na nafasi ndogo ndogo zilizotendewa haki, nyingi akiwa ndani ya kinyago, ndiyo maana watu wengi wamemtazama mara kadhaa bila kujua ni yuleyule.

Maisha ya awali

Roy ni mtoto wa jamii ya Wahindi wa Nairobi. Alikwenda London kusomea uhasibu, akauacha, akaenda kujifunza uchekeshaji katika shule ya Slim Wood.

Televisheni ya Uingereza

Alionekana kwenye *The New Avengers* mwaka 1976. Mwaka uliofuata, katika *Doctor Who* ya BBC, aliigiza Mr Sin, mwanasesere muuaji anayebebwa jukwaani na mfanya mazingaombwe. Nafasi hiyo ya kutisha bado inakumbukwa na wapenzi wa mfululizo huo.

Waitalia

Filamu yake ya kwanza, *The Pink Panther Strikes Again* (1976), ilimpa nafasi ya muuaji wa Kiitalia, mmoja wa wale waliotumwa kummaliza Inspekta Clouseau. Miaka minne baadaye alijikuta miongoni mwa Waitalia wenyewe. *Flash Gordon* (1980) ilipigwa Uingereza, lakini mtayarishaji wake alikuwa Dino De Laurentiis, mavazi na mandhari yalibuniwa na Danilo Donati, na Binti-mfalme Aura aliigizwa na Ornella Muti. Roy alikuwa kiumbe anayefugwa na Aura, na jina la kiumbe huyo ni Fellini. De Laurentiis alikuwa miongoni mwa watayarishaji wa *La Strada* (1954) ya Federico Fellini, naye Donati alipata Oscar kwa mavazi ya *Casanova* ya mwongozaji huyohuyo.

Vinyago, 1983–1985

Katika *Return of the Jedi* (1983) alikuwa Droopy McCool, mpiga zumari wa bendi ya kasri la Jabba. Zikafuata *The NeverEnding Story* (1984) na *Return to Oz* (1985), ambamo alivaa umbo la Mtu wa Bati.

Kazi na Tim Burton

Hiki ndicho kipindi kikubwa cha maisha yake ya sanaa. Burton alimtumia kwanza katika *Planet of the Apes* (2001), kisha *Big Fish* (2003). Mwaka 2005 alimpa kazi ya pekee: kuwa Oompa-Loompa wote, wale wafanyakazi wafupi wa kiwanda cha chokoleti cha Willy Wonka, katika *Charlie and the Chocolate Factory*, 165 kwa hesabu.

Filamu ya awali ya kisa hichohicho, ya 1971, ilikuwa imetumia kundi la waigizaji kwa nafasi hiyo. Burton alitaka mtu mmoja. Panapoonekana safu ya wachezaji, Roy alirudia mwendo uleule tena na tena, kila mara akisimama mahali pengine, kisha picha zikaunganishwa na kupunguzwa, kwani Oompa-Loompa ni wafupi kuliko hata yeye. Ilimbidi ajifunze kucheza dansi na kushika ala za muziki. Kila Oompa-Loompa ana tabia yake. Katika onyesho moja Willy Wonka (Johnny Depp) amelala kwenye kochi akieleza yanayomsumbua, na Oompa-Loompa aliyeketi kando yake anamsikiliza kwa utulivu wa tabibu. Uso ule hauna kinyago; ni wa Roy mwenyewe.

Mwaka huohuo alitia sauti katika *Corpse Bride*.

Star Trek

Roy ni Keenser, mwenzake Scotty katika kazi ya uhandisi, katika filamu za 2009, 2013 na 2016. Keenser karibu hasemi. Kazi yote hufanywa na macho na shingo. Filamu ya 2009 ilipata Oscar ya upambaji wa waigizaji.

Nafasi yake

Wakenya wanapotaja wenzao waliofika Hollywood huanza na Lupita Nyong'o, na wakati mwingine Edi Gathegi. Roy aliwatangulia wote wawili kwa miongo kadhaa, na orodha yoyote ya waigizaji waliozaliwa Kenya isiyo na jina lake haijakamilika.