Vita dhidi ya utumwa Mombasa: Tamthilia ambayo haijaigizwa

Wamarekani wamejua kuigeuza historia yao ya utumwa kuwa tamthilia ya televisheni. Januari 1977 kituo cha ABC kilionyesha Roots kwa usiku nane mfululizo, na jina la Kunta Kinte likaenea duniani kote. Januari 2013 runinga ya umma ya PBS nayo ilitoa The Abolitionists, mchezo wa sehemu tatu kuhusu watu waliopigania kukomeshwa kwa utumwa nchini humo. Miongoni mwao ni mhariri William Lloyd Garrison, mwandishi Harriet Beecher Stowe na Frederick Douglass, mtumwa aliyetoroka kutoka Maryland mwaka 1838 na hatimaye akawa msemaji mkuu wa wenzake.

Pwani ya Kenya ilikuwa na vuguvugu lake. Lilikuwa na watoro wake, wahubiri wake, usaliti wake na mashahidi wake. Hata hivyo, yamkini wakazi wengi wa Mombasa wanamfahamu Kunta Kinte kuliko wanavyomfahamu William Henry Jones wa Rabai.

Atakayetaka kuiandika tamthilia hiyo anaweza kuanzia Mwembe Tayari. Kwa miaka mingi mtaa huu wa Kisiwa cha Mombasa umesifika kwa soko lake na ofisi za mabasi ya Nairobi, lakini wenyeji husimulia kwamba jina lake ni la zamani zaidi. Panatajwa mwembe ambao chini yake misafara ya kwenda bara ilikusanyika, mizigo ikafungwa na wapagazi wakahesabiwa, hadi kila kitu kikawa tayari.

Wapagazi hao hawakuwa wote watu huru. Wengi wa waliobeba mizigo kutoka Mombasa katika karne ya 19 walikuwa watumwa waliokodishwa na mabwana zao, na mtumwa aliporudi salama alilazimika kugawana ujira wake na bwana. Kwa hiyo hata msafara ulioongozwa na Mzungu aliyechukia utumwa ulitembea kwa miguu ya watumwa.

Hata mizigo yenyewe ilikuwa na kisa chake. Nguo iliyopendwa zaidi katika biashara ya bara ilikuwa merikani, kitambaa kilichopata jina hilo kwa sababu kililetwa Zanzibar na Mombasa na wafanyabiashara wa Marekani, hasa wa bandari ya Salem. Kilifumwa katika viwanda vya kaskazini mwa nchi hiyo kwa pamba iliyochumwa na watumwa wa kusini. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani vya 1861 hadi 1865 vilipokatiza pamba hiyo, upungufu wa merikani ulisikika hadi huku kwetu. Mtumwa wa Mississippi na mpagazi wa Mombasa hawakujuana, lakini walishika jora lile lile.

Kisheria, mambo yalianza kubadilika tarehe 5 Juni 1873. Siku hiyo Sultan Barghash wa Zanzibar, akishinikizwa na Balozi John Kirk pamoja na tishio la manowari za Uingereza, alitia saini mkataba wa kupiga marufuku kusafirisha watumwa kwa bahari na kufunga masoko yao. Mjumbe aliyetangulia kuupeleka mkataba huo, Sir Bartle Frere, alipendekeza pia pawepo makazi ya walioachiliwa karibu na Mombasa. Chama cha Church Missionary Society (CMS) kilinunua ardhi Kisauni, na mwaka 1875 Kasisi William Salter Price akaanzisha kijiji kilichoitwa Frere Town. Mwaka huo huo walipokelewa huko mamia ya watu waliookolewa majahazini. Wenyeji waliwaita mateka au Wamisheni.

Mkataba wa 1873 uligusa biashara tu. Kumiliki watumwa waliokuwa tayari mashambani na majumbani kulibaki halali, na hapa ndipo kisa cha Mombasa kinapoachana na kile kinachosimuliwa kwa kawaida. Waliolivuta suala hilo mbele walikuwa watumwa wenyewe, kwa kutoroka.

Wakati huo palikuwa na kundi la watu walioitwa Waafrika wa Bombay. Hawa walikamatwa wakiwa watoto, wakaokolewa baharini na manowari za Uingereza na kupelekwa India, ambako walisomeshwa na kufunzwa kazi za mikono katika shule ya misheni ya Sharanpur, karibu na Nasik. Kutoka shule hiyo alitoka Jacob Wainwright, aliyekuwa miongoni mwa waliobeba maiti ya David Livingstone hadi pwani na kuisindikiza hadi mazishi yake jijini London mwaka 1874. Kutoka huko pia alitoka Matthew Wellington, aliyeishi Mombasa hadi kifo chake mwaka 1935. Na huko ndiko alikotoka Jones, aliyefika Mombasa mwaka 1864 pamoja na wenzake, Ishmael Semler na George David.

Jones ndiye mhusika mkuu ambaye mtunzi yeyote angemtamani. Mwaka 1885 Askofu James Hannington alimpa yeye na Semler daraja la ushemasi, kisha akafuatana na Jones katika safari ya kwenda Uganda. Hannington alitangulia na kikosi kidogo, akauawa Busoga Oktoba mwaka huo kwa amri ya Kabaka Mwanga. Jones, aliyeachwa nyuma na sehemu kubwa ya msafara, alisubiri hadi habari zilipothibitika, kisha akawarudisha watu wake pwani kwa miguu. Waliingia Rabai Februari 1886 wakiwa na bendera ya buluu iliyoandikwa neno moja la Biblia, Ikabodi, yaani utukufu umeondoka.

Huko Rabai Jones alikuwa akifanya jambo ambalo wakubwa wake walikuwa wamewaahidi Waarabu na Waswahili wenye mashamba kwamba halitafanyika. Alikuwa akiwapa watoro mahali pa kujenga na kulima. Si yeye wa kwanza. Huko Fuladoyo, katika nchi ya Wagiriama, palikuwa na kijiji cha watoro na Wakristo wapya chini ya David Koi, ambaye aliuawa mwaka 1883. Kanisa la Kianglikana nchini humkumbuka kama shahidi wake wa kwanza.

Hasira za mabwana zilifikia kilele mwaka 1888, na wakati ulikuwa mbaya. Pangani, upande wa Wajerumani, vita vya Abushiri vilikuwa vimezuka. George Mackenzie, aliyekuja kuanzisha shughuli za Kampuni ya Kifalme ya Uingereza ya Afrika Mashariki, alihitaji amani na wapagazi. Hesabu ilipofanywa katika vijiji vya misheni, ilibainika kwamba sehemu kubwa ya wakazi ni watoro. Mackenzie aliamua kuwalipa mabwana Riale 25 kwa kila kichwa, na tarehe 1 Januari 1889 watu takriban 1,400 walikabidhiwa hati zao za uhuru Rabai.

Siku hiyo imesifiwa sana katika maandishi ya wamisionari, na kweli ilikuwa siku kuu. Lakini fedha zilikwenda kwa mabwana, na utumwa wenyewe haukuguswa. Isitoshe, maisha ndani ya misheni hayakuwa peponi. Msimamizi Mwingereza wa Frere Town, J. R. Streeter, aliondolewa mwanzoni mwa miaka ya 1880 baada ya malalamiko kwamba watu waliotoka utumwani walikuwa wakichapwa viboko kijijini humo.

Zanzibar na Pemba ziliondoa hadhi ya kisheria ya utumwa mwaka 1897. Mombasa na ukanda wake zilisubiri miaka kumi zaidi, hadi sheria ya 1907 ilipoanza kutumika tarehe 1 Oktoba. Kwa mara nyingine waliofidiwa ni wenye watumwa. Walioachwa huru hawakupewa ardhi, na wengi waliendelea kulima mashamba yale yale kama maskwota.

Mwana wa Frere Town, James Mbotela, aliandika habari za watu wake katika kitabu Uhuru wa Watumwa, kilichochapishwa mwaka 1934. Wahakiki wamemlaumu kwa kuwapamba Waingereza kupita kiasi, na lawama hiyo ina haki, kwani humo watoro hawana nafasi inayowastahili. Hata hivyo, bila yeye tungekuwa na sauti za wamisionari peke yake. Mtangazaji Leonard Mambo Mbotela, aliyefariki Februari 2025, alitoka katika ukoo huo, na kwa miongo kadhaa sauti yake ndiyo iliyojulikana zaidi katika shirika la utangazaji la taifa.

Jirani na Mwembe Tayari, katika Barabara ya Jomo Kenyatta, zipo sanamu za ukumbusho wa Waafrika waliotumika katika Vita Vikuu vya Kwanza vya Dunia. Ukumbusho wa walioachiliwa huru uko ng'ambo ya pili ya maji, kwenye njia panda ya Nyali. Ni kengele ya Frere Town, ambayo mahali hapo pamepata kuitwa Kengeleni kwa sababu yake, na maelfu ya abiria wa matatu hulitaja jina hilo kila siku wanapotaka kushuka.