Karatasi Niliyompa Mtoto

Mwaka 1996, nikiwa mwalimu mkuu, tarishi aliingia ofisini kwangu na daftari lake la kupokelea barua. Alileta samansi ya mkazi mmoja wa Sigino aliyekuwa akidaiwa kodi ya maendeleo. "Mwalimu, mwanawe yuko kwako darasa la tano. Mpe ampelekee." Nikatia sahihi, nikamwita mtoto, nikamkabidhi, nikarudi kwenye ratiba yangu ya mitihani. Siku hizo jambo hilo lilikuwa la kawaida. Shule ndiyo iliyokuwa posta ya kijiji.

Sikujua kwamba baba mtu alikuwa Magugu kwenye mavuno ya mpunga. Mtoto alijaladia daftari la hesabu kwa ile karatasi. Siku ya shauri mdaiwa hakuonekana, ikatolewa hukumu ya upande mmoja, na mbuzi wake wanne wakakamatwa.

Kodi hapa kwetu haikuanza na samansi. Wajerumani walipotangaza kodi ya nyumba mwaka 1897, asiye na fedha alilipa kwa jasho lake. Waingereza nao walileta sheria yao ya kodi ya nyumba na kichwa mwaka 1922. Wazee wetu walikulia katika mazoea hayo: mdai akiwa ni Serikali, huulizi umepewa taarifa lini. Ndiyo maana majirani walimshangaa mtu yule aliporudi kutoka Magugu na kwenda moja kwa moja Mahakama ya Mwanzo kuomba hukumu ifutwe.

Lakini sheria ilikuwa upande wake. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka 1984 inairuhusu Mahakama ya Mwanzo kusikiliza madai ya Serikali na ya halmashauri, ila huyasikiliza kama madai mengine: mdaiwa aitwe kwanza. Na Katiba yetu, Ibara ya 13(6)(a), inampa kila mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu. Mtu atasikilizwaje asipojua kwamba anaitwa?

Tena Serikali yenyewe inajua vizuri thamani ya notisi. Zamani, mwananchi hakuweza kuishitaki bila kupata kwanza kibali chake. Mwaka 1993 Mahakama ya Rufani, katika shauri la Kukutia Ole Pumbun lililotoka mkoani Arusha (nasi Babati tulikuwa mkoa huohuo hadi mwaka 2002), ilitamka kwamba sharti hilo linavunja Katiba. Mwaka uliofuata Bunge liliweka badala yake notisi ya siku 90. Yaani ukitaka kuidai Serikali, sharti uipe miezi mitatu ijiandae. Yenyewe ilipomdai jirani yangu, ilitosha karatasi mkononi mwa mtoto wa darasa la tano.

Wala si sisi peke yetu. Huko Arkansas, Marekani, nyumba ya mtu iliuzwa kwa ajili ya kodi baada ya barua mbili za taarifa kurudishwa posta bila kuchukuliwa. Mwenyewe alikuwa amekwisha kuhama. Mwaka 2006 Mahakama Kuu ya nchi ile iliamua kwamba Serikali ikiona barua yake imerudi, haiwezi kukaa kimya. Itafute njia nyingine inayowezekana ya kumfikia. Niliposoma habari hiyo nilikumbuka lile daftari la hesabu.

Maana katika shauri la jirani yangu ushahidi wa kwamba aliitwa ulikuwa sahihi yangu. Niliitwa, nikasimama mbele ya hakimu na wazee washauri wawili.

"Mwalimu, samansi alipokea nani?"

"Mimi, mheshimiwa."

"Na wewe ndiye unayedaiwa?"

Watu walicheka. Mimi sikucheka, baadhi yao nilikuwa nimewafundisha. Hakimu alifuta hukumu, akaamuru mbuzi warudishwe na mdaiwa apewe samansi mkononi. Tarehe mpya ilipofika, bwana yule alikuja na fedha za mpunga, akalipa yote kabla shauri halijaitwa. Deni hakuwahi kulikana. Kodi yenyewe ilifutwa mwaka 2003.

Mbuzi waliorudi walikuwa watatu. Wa nne alikuwa amekwisha kuliwa, na hakuna aliyesema ameliwa na nani. Nilimlipa mimi, kwa mishahara miwili. Jirani alizipokea fedha bila neno, akazihesabu, akaniandikia stakabadhi.