Kalamu ya Kaloleni (Sehemu ya 4)

ILIPOISHIA: Mwenye studio alinisukumia mkataba mezani, akasema anautaka umetiwa saini kabla ya saa kumi jioni. SASA ENDELEA...

Pesa zilizoandikwa pale sikuwahi kuzipata kwa kuchora nganya za Umoja, hata nikijumlisha zote. Lakini kifungu cha saba kilinikaba koo: wahusika, hadithi na kila mchoro vingekuwa mali ya studio milele.

Nilikimbia Buruburu kwa mzee aliyenifunza kuchora. Alisoma mara mbili, akavua miwani.

"Mwanangu, Tinga Tinga Tales ilichorwa wapi?"

"Si Uingereza, Mwalimu?"

"Iliundwa na Claudia Lloyd wa London, lakini ilichorwa hapa Nairobi, Homeboyz. Vipindi 52. Watoto wa Uingereza walianza kuitazama 2010. Haya, nitajie mmoja wa vijana wetu walioichora."

Nilinyamaza.

"Na Yellow Fever ya 2012 ni ya nani?"

"Ng'endo Mukii."

"Hiyo umejibu upesi! Filamu ni yake. Na 2023, Enkai ilipotoka ndani ya Kizazi Moto ya Disney, tulijua ni mkono wa nani. Wewe unataka kuwa yupi?"

Mwalimu ndiye aliyenionyesha Tango, filamu ya Mpolandi Zbigniew Rybczyński iliyoshinda Oscar mwaka 1983. Chumba kimoja tu, watu 36 wanaingia na kutoka, wanapishana bila kugusana. Siku ile nilicheka hadi machozi yakanitoka, kwa sababu niliona nyumbani: Mama anasukuma chapati, kaka anapiga pasi shati la kazi, shosho anasali, jirani anaomba chumvi, nami nimejikunyata kwenye kona na karatasi magotini. Filamu yangu ilizaliwa hapo. Huchora picha 12 kwa kila sekunde, zote kwa mkono; dakika moja inameza michoro 720. Shosho alifariki kabla sijamaliza kumchora akiinuka kutoka kwenye sala. Ndiyo niuze hata huyo?

"Sheria inakulinda tangu siku ulipochora," Mwalimu alisema. "Ila kasajili Bodi ya Hakimiliki. Mkifika mahakamani, cheti ni ushahidi. Nenda sasa hivi!"

Niliingia saiba moja kando ya Jogoo Road, saa tisa na nusu. Michoro yote ilikuwa kwenye flashi niliyomwachia kaka wiki jana, akaniletea asubuhi hii bila kunitazama usoni. Nilidhani ni uchovu wa zamu ya usiku.

Kabla ya kujaza fomu, nikatafuta kwanza kama jina la filamu limeshachukuliwa.

Limechukuliwa.

Nikasogelea kioo. Jina la filamu ni lile lile. Maelezo ni yale yale, mpaka sala ya shosho. Imesajiliwa siku tatu kabla mwenye studio hajanipigia simu.

Mmiliki: kaka yangu.

Simu ikatetemeka mfukoni. Ni yeye.

"Uko wapi? Usitie saini chochote," alihema. "Na usirudi nyumbani. Mwenye studio yuko hapa kwa Mama, na amekuja na polisi."

ITAENDELEA Jumamosi ijayo.