Walianza 42, Wakafika Wawili

Machi 2028 itatimia miaka 100 tangu Grand National iliyowashinda karibu farasi wote walioingia. Mbio zile za Aintree, nje ya Liverpool, zimetuachia filamu bubu ambayo naitazama kila nipatapo nafasi.

Kamera ilikwishawazoea farasi. Muybridge aliwapiga picha Palo Alto, Marekani, mwaka 1878. Robert Paul akarekodi mbio za farasi za Derby za 1896 na kesho yake akazionyesha London. Lakini Derby haina cha kuruka. Grand National ni viunzi 30 katika karibu kilomita saba.

Machi 30, 1928, kulikuwa na ukungu na ardhi ilikuwa tope tupu. Farasi 42 wakaachiwa. Kiunzi cha nane, Canal Turn, kipo penye kona kali ya kushoto, kando ya mfereji, na mbele yake siku hizo palichimbwa handaki. Easter Hero, aliyekuwa akiongoza, aliruka vibaya: akatua juu ya ua, akateleza na kurudi ndani ya handaki. Waliomfuata waligoma kuruka, wakageuka, wakapigana vikumbo. Mbio zikavunjikia pale pale.

Tipperary Tim alipita. Farasi huyu aliwekewa bomba kooni ili aweze kupumua, na mawakala wa kamari walimpa 100 kwa 1. Mpandaji wake, William Dutton, alikuwa wakili wa Chester aliyepanda kwa mapenzi tu, bila malipo. Inasimuliwa kwamba kabla ya kuanza, rafiki yake alimpigia kelele kuwa hatashinda mpaka wenzake wote waanguke. Basi wakaanguka! Kwenye kiunzi cha mwisho alikuwa bega kwa bega na Billy Barton, farasi wa Marekani, naye huyo akaenda chini.

Handaki la Canal Turn lilifukiwa kabla ya mbio za 1929.

Kinachoniuma ni wanaozirusha filamu hizi mtandaoni wakizibandikia vishindo vya kwato na vifijo vya kubuni, kana kwamba ububu ni kilema. Mimi huzima sauti. Tim anauvuka mstari peke yake katika weupe wa ukungu, tope limemfika tumboni. Nyuma yake uwanja mtupu. Kisha, kwa mbali, Billy Barton anakuja, mpandaji wake kesharudi mgongoni.